Mwalimu wa vipindi shule ya serikali: haki kwa uwiano, au posho ya asante?

Mwandiga_Stendi: Wakuu, naongelea shule za kata huku Kigoma, na Tabora najua ni yale yale. Mwalimu wa fizikia hakuna, bodi ya shule inamwita kijana mwenye shahada, anapewa vipindi 16 kwa wiki, posho inatoka kwenye michango ya wazazi. Likizo hana, mfuko wa hifadhi hana, shule ikifungwa Juni na posho imefungwa. Mwenzake mwenye cheki namba, yaani aliyeajiriwa na serikali, ana vipindi 18. Hoja yangu: kila stahili ihesabiwe kwa uwiano, 16 kwa 18. Mnasemaje?

Asali_ya_Sikonge: Uwiano wa nini na nini? Mtumishi wa umma haokotwi na bodi. Kuna tangazo la Sekretarieti ya Ajira, usaili, kupangiwa kituo, halafu Tume ya Utumishi wa Walimu. Huyo wako anajitolea. Tena hawa hawashiki zamu. Dakika 40 zikiisha, mtu yuko gulioni.

Chaki_Vumbi: Gulioni?! Mkuu, toka hapo kwenye mizinga yako. Ratiba ikimwekea kipindi cha 1 na cha 8, katikati anakaa staff, na akikaa ndiye anayetumwa kuziba darasa la aliyekwenda semina. Hicho kipindi cha kuziba hakiandikwi popote.

Asali_ya_Sikonge: Kuziba si zamu. Zamu ni kufika kabla ya wanafunzi, kuhesabu mstarini, kengele, usafi, uji wa saa nne, na kujaza kitabu cha zamu. Nionyeshe wa posho anayefanya hayo.

Kifungu_kwa_Kifungu: Gulio na uji mviweke kando kidogo. Sheria ya Taasisi za Kazi ya 2004, kifungu cha 60 kama sikosei, inasema mtu huchukuliwa kuwa mwajiriwa, bila kujali mkataba umeandikwaje, hadi ithibitishwe vinginevyo, kikiwepo hata kimoja kati ya vigezo saba: namna ya kazi yake inasimamiwa na mwingine, saa zake zinapangwa na mwingine, yeye ni sehemu ya taasisi, amefanya kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi mitatu ya mwisho, anategemea kipato hicho, anapewa vitendea kazi, au anamtumikia huyo mmoja tu. Ratiba anapangiwa na mwalimu wa taaluma. Chaki na vitabu vya shule.

Reli_ya_Kati: Ni 61, si 60. Na saa 45 ni za wiki, acha kupotosha vijana.

Kifungu_kwa_Kifungu: 61, nakubali. Lakini 45 za wiki ni ukomo wa saa za kawaida kwenye Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini. Hizi za kifungu cha 61 ni za mwezi. Namba moja, sheria mbili.

Reli_ya_Kati: Sawa, za mwezi. Piga hesabu: vipindi 16 mara dakika 40 ni dakika 640, yaani saa 10 na dakika 40. Mara wiki nne ni saa 42 na dakika 40. Hazifiki. Kesi imekufa.

Chaki_Vumbi: Mwezi wa wiki nne ni Februari tu, mzee wangu. Jedwali la kwanza la Sheria ya Ajira, kwenye kukokotoa mishahara, linatumia 4.333. Saa 10.67 mara 4.333 ni 46 na ushee. Na hapo hujagusa maandalio ya somo wala kusahihisha. Mikondo miwili ya wanafunzi 60 ni madaftari 120. Ukitumia dakika mbili kwa daftari, hizo ni saa nne kwa zoezi moja.

Reli_ya_Kati: Kusahihisha anafanyia nyumbani kwake, nani alimwona? Na akidai Agosti, miezi mitatu ya nyuma ina likizo ya Juni ndani yake. Wastani unashuka.

Kifungu_kwa_Kifungu: Ndugu zangu, mnagombania kigezo kimoja kati ya saba. Nimesema hata kimoja kinatosha.

Asali_ya_Sikonge: Kinatosha wapi? Akienda CMA, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinamrudisha amalize kwanza rufaa za ndani.

Kifungu_kwa_Kifungu: 32A inambana mtumishi wa umma. Ni wewe uliyesema huyu si mtumishi wa umma. Chagua upande, mzee.

Chaki_Vumbi: 😂 Asali imeganda.

Kifungu_kwa_Kifungu: Ila na wewe Mwandiga usishangilie. Kuitwa mwajiriwa ni kitu kimoja, usawa ni kingine. Kifungu cha 7 cha Sheria ya Ajira kinakataza ubaguzi wa rangi, kabila, dini, jinsia, ujauzito, ulemavu, umri na mengine, ila kufanya kazi saa chache hakumo. Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani (ILO) Na. 175 wa 1994 ndio unaozungumzia uwiano huo, na Tanzania haijauridhia. Kilichobaki ni ibara ya 23 ya Katiba, ujira ulingane na kazi. Na akiachishwa, fomu Na. 1 ya CMA aipeleke ndani ya siku 30. Madai mengine ni siku 60. Wengi wanakosea hapo, wanasubiri shule ifunguliwe.

Mwandiga_Stendi: Basi turudi kwenye likizo na hifadhi ya jamii. Nani anachangia, bodi au halmashauri?

Asali_ya_Sikonge: Sijajibiwa zamu.

Chaki_Vumbi: Wanapangwa! Jina huandikwa kwa penseli kwenye kitabu cha zamu, ili Afisa Elimu Kata akija lifutike.

Kifungu_kwa_Kifungu: Basi apige picha ukurasa huo kabla haujafutwa. Apige na ratiba yenye jina lake, na andalio lenye sahihi ya mwalimu wa taaluma. Vitatu hivyo ni vizito kuliko barua yake ya kuomba kujitolea.

Asali_ya_Sikonge: Picha apige. Uji je, aligawa yeye?