Sheria ya polisi Kenya ilibadilika 2011. Kituoni mbona mambo ni yale yale?

Mwakirunge aliuliza:

Salamu wanajukwaa. Kikundi chetu cha haki hapa Mombasa kinaandaa kikao na OCS (mkuu wa kituo cha polisi) pamoja na wazee wa mtaa. Kila mwaka tunaambiwa polisi wanafanyiwa mageuzi. Tume ya Waki ilihesabu watu 1,133 waliokufa katika ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007, na 405 kati yao walikufa kwa risasi. Jopokazi la Ransley la mageuzi ya polisi likatoa mapendekezo zaidi ya 200 mwaka 2009. Katiba ikaja 2010, sheria za polisi na ya IPOA (mamlaka huru ya kusimamia polisi) zikapitishwa 2011, na mwaka 2018 sare ikawa ya buluu. Lakini kijana akishikwa Ijumaa jioni, mamake bado anazungushwa vituo vitatu bila kuambiwa mtoto yuko wapi. Tatizo limekwama wapi hasa? Na tukipewa saa moja tu na OCS, tumuulize nini asichoweza kutujibu kwa hotuba?

DawatiLaSheria alijibu:

Ndugu Mwakirunge, mageuzi yalianzia juu: nani anamteua Inspekta Jenerali, nani anaajiri, nani anachunguza. Kituoni, anayeamua askari yupi aende doria ya usiku, yupi apumzike Jumapili na yupi apendekezwe kwenda kozi ni yule yule bosi. Askari mgeni husoma haki za binadamu katika chuo cha polisi cha Kiganjo, kisha akifika kituoni anafundishwa kazi upya na wenzake. La kwanza analojifunza ni kwamba mwenzako hauzwi.

Kwa hiyo msimuulize OCS kuhusu maadili. Ulizeni kuhusu vitabu vitatu: OB (kitabu cha matukio), rejista ya mahabusu na rejista ya silaha.

OB hupewa namba mfululizo, na kila siku huanza upya na moja, pamoja na saa na tarehe. Mtu akiletwa saa mbili usiku, ingizo lake lazima likae kati ya la kabla yake na la baada yake. Akiandikwa asubuhi ili masaa yake ya kuzuiliwa yaanze kuhesabiwa upya, mfululizo wa saa unavunjika, au mtaona maandishi yamebanwa katikati ya mistari. Ndiyo maana wanaotaka kumficha mtu hawamwandiki kabisa. Wakili Willie Kimani, mteja wake Josephat Mwenda na dereva wao Joseph Muiruri waliposhikwa Juni 2016, walizuiliwa katika kambi ya polisi ya Syokimau bila kuandikwa. Kilichofika nje ni ujumbe ulioandikwa kwenye karatasi ya chooni. Waliokutwa na hatia ya kuwaua walihukumiwa Februari 2023. Zaidi ya miaka sita.

Jedwali la Tano la Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi linataka rekodi ya kila anayeshikwa: sababu, saa ya kukamatwa, saa ya kufika kituoni, askari waliomkamata na mahali alipozuiliwa. Mwulizeni OCS: saa ya kukamatwa na saa ya kufika huandikwa mbali mbali au ni moja tu? Vituo vingi huandika moja, na masaa ya kuzungushwa ndani ya gari yanapotea hapo hapo.

Kuhusu hiyo Ijumaa jioni: Kifungu cha 49 cha Katiba kinatoa saa 24 za kumfikisha mtu mahakamani, na zikiisha nje ya saa za mahakama, mtu anapelekwa siku ya kwanza mahakama inapokaa. Msako wa Ijumaa hutumia mwanya huo. Ila kifungu hicho hicho kinakataza kumweka mtu rumande kwa kosa ambalo adhabu yake ni faini tu au kifungo kisichozidi miezi 6. Makosa mengi ya msako yako humo. Mwulizeni waziwazi wangapi walilala seli wikendi iliyopita kwa makosa ya aina hiyo.

Bi_Zuhura alijibu:

Dawati amesema vizuri, lakini kaka, pesa umeipita mbio.

Ukaguzi wa kuwapima askari kama wanafaa kubaki kazini, ulioanza Desemba 2013, ulidai taarifa za benki na za M-Pesa. Ulipofika kwa trafiki, ilionekana wadogo wakiwatumia wakubwa wao pesa mara kwa mara, bila maelezo ya kueleweka. Yaani kitu kidogo cha barabarani hakiishii mfukoni mwa yule aliyekipokea, kina ngazi zake. Ukimfukuza wa chini peke yake, kesho analetwa mwingine na hesabu ya kila siku inabaki pale pale, kwa sababu anayepangia watu barabara nzuri hajaguswa.

Ukaguzi wenyewe ulijikwaa kwa sababu zinazojulikana. Ulikwenda polepole, cheo baada ya cheo. Waliofutwa wengine walikimbilia mahakamani. Na maswali yalielemea mali kuliko malalamiko ya mateso na mauaji, kwa kuwa taarifa ya M-Pesa haiogopi kuja kutoa ushahidi, mama wa marehemu anaogopa.

Mlango wa kuingilia nao umeoza. Julai 2014 waliandikwa makurutu 10,000, IPOA ikaenda mahakamani na zoezi lote likafutwa. Aliyeuza ng'ombe ili mwanawe aingie Kiganjo anatarajia deni lilipwe, na litalipwa na raia.

Nyinyi mtaani mwaweza kuanza na dogo tu: OCS abandike ukutani kwamba bondi ya polisi (kuachiliwa kwa ahadi ya kurudi) haina malipo, na kwamba dhamana ya pesa taslimu ina risiti ya serikali. Asiyepewa risiti aandike namba ya huduma ya askari. Sheria inamtaka kila askari mwenye sare avae jina au namba yake mahali panapoonekana.

Shabaha alijibu:

Msimsahau askari mwenyewe. Familia mbili zimetenganishwa na shuka katika chumba kimoja, zamu haziishi, na akimripoti mkubwa wake anapata uhamisho wa kwenda mbali kabla ya mwezi kwisha. Tume ya Huduma ya Polisi ndiyo iliyopewa uhamisho na Katiba, lakini kwa vyeo vya chini amri hutoka kwa makamanda. Bila kuutoa uhamisho mikononi mwa anayelalamikiwa, hakuna askari atakayesema ukweli.

Mwakirunge:

Ahsanteni sana. Na mtu akipigwa risasi? Mara nyingi tunafika wakati kila kitu kimefagiliwa.

DawatiLaSheria:

Hapo ndipo rejista ya silaha inapohitajika. Kila bunduki inayotoka ghalani husainiwa: namba yake, idadi ya risasi, jina na saa. Ikirudi, risasi zinahesabiwa tena.

Jedwali la Sita la sheria ile ile ya polisi linamtaka mkuu wa kituo aiarifu IPOA mara moja kukiwa na kifo au jeraha kubwa, alinde eneo la tukio na kuijulisha familia. Na linasema amri ya mkubwa si kinga. Msisubiri polisi waripoti, nyinyi ripotini siku hiyo hiyo. Maganda ya risasi msiyaokote. Pigeni picha yakiwa chini, kitu kingine kikiwa kando kuonyesha ukubwa na umbali, na mwandike majina ya walioona.

Maiti isizikwe kabla ya uchunguzi, hata shinikizo la mazishi likiwa kubwa. Mombasa na Kwale mnajua desturi ya kuzika haraka, kwa hiyo zungumzeni na imamu mapema na muombe uchunguzi ufanywe siku hiyo. Familia ina haki ya kuwa na daktari wake. Risasi ikitolewa mwilini, ifungwe, iwekwe alama na kusainiwa mbele ya wote, maana ikikaa saa chache bila saini wakili wa mshtakiwa ataivuruga mahakamani. Kesi ya Kwekwe Mwandaza, msichana wa miaka 14 aliyeuawa Kwale Agosti 2014, ilifika hadi hukumu 2016, askari wawili wakafungwa miaka 7. Na Juni 2025, polisi walisema Albert Ojwang, aliyefia mikononi mwao, alijigonga ukutani seli, uchunguzi wa maiti ndio uliokuta dalili za kukabwa shingo.

IPOA haishtaki, faili huenda kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, na huko nyingi hukaa. Basi omba namba ya malalamiko, kisha uandike barua ya kufuatilia chini ya Sheria ya Kupata Habari ya 2016. Jibu hutakiwa ndani ya siku 21, na ndani ya saa 48 ikiwa ni suala la uhai au uhuru wa mtu. Kwa kutumia kanuni hiyo ya saa 48, waweza hata kudai nakala ya ingizo la OB la yule kijana wa Ijumaa, huku mamake angali anamtafuta.