Mnaouza kadi za gemu za simu za batani, mtuheshimu!

Wanajukwaa, naandika nikiwa kwenye foleni ya feri Likoni na roho imenichafuka, kwa hivyo maneno yakinitoka makali mnisamehe.

Jana nimenunua kadi ya memori kwenye kibanda kimoja Mwembe Tayari, shilingi 300. Nilikuwa naitafuta Doom RPG, ile gemu ya kupigana na majini kwenye korido, niiweke kwenye simu yangu ya zamani ya batani. Kijana wa kibanda akaniambia: "Imo humo, ami, na nyengine arubaini juu." Mie huyo nyumbani mbio.

Nafungua: si yenyewe! Ni gemu ya kukimbia na kufyatua, imekamuliwa kutoka kwenye kompyuta ikasukumizwa kwenye kioo cha ukubwa wa stempu. Mbili kwenda mbele, nne na sita kugeuka, tano kupiga. Nikishika mbili nikimbie, nabonyeza tano, bunduki kimya. Nikiiachia mbili, bunduki inalia lakini nimesimama kama mlingoti nikitafunwa. Simu nyingi za enzi zile zikisoma batani moja tu kwa mpigo, na aliyeitengeneza takataka hii sijui alijaribia simu gani. Nimekufa mara 11 kabla ya mlango wa kwanza. Gumba linaniuma hadi sasa.

Na wenye Doom wao walilijua hili zamani! John Carmack, huyo huyo aliyeandika injini (programu inayoiendesha gemu) ya Doom ya kompyuta ya 1993, alipoiingiza kwenye simu mwaka 2005 kwa jina la Doom RPG hakung'ang'ania mbio. Aliifanya ya zamu. Wewe hatua moja, majini nayo hatua yao. Ukigeuka, ni robo duara, basi. Batani moja, tendo moja. Geti la feri likifunguliwa ukasukumwa na mikokoteni, ukivuka ng'ambo ukatoa simu, jini liko pale pale lakungoja. Korido ni zile zile, majini yale yale, na bado moyo unakudunda kabla hujafungua mlango.

Kuna vijana humu huiita Doom ya wazee. Haya, sisi wazee tuliimaliza.

Leo asubuhi nimerudi kibandani. Kijana hata hakuinua kichwa: "Simu yako ndiyo mbovu, ami. Nikuuzie ya kugusa?"

Nikuuzie! Pesa zangu sijarudishiwa. Kadi ninayo mfukoni, na kesho atanikuta mlangoni kabla hajafungua.