Mjadala: Shahidi wa mwisho kugeuzwa kitendawili cha runinga, ilikuwa sawa?

Wakuu, video ya mzee Samuel Seymour nimeirudia mara tatu na bado hainikai vizuri.

Kwa asiyemjua: Februari 1956 kituo cha CBS cha Marekani kilirusha I've Got a Secret, mchezo wa kubahatisha siri ya mgeni. Mgeni mmoja alikuwa babu wa miaka 95. Siri yake? Mwaka 1865, akiwa mtoto wa miaka mitano, alikuwemo ukumbini Ford's Theatre usiku ule Rais Lincoln alipopigwa risasi. Walioshuhudia walishakufa wote, kabaki yeye.

Juu ya jicho la kulia ana uvimbe. Alianguka kwenye ngazi za hoteli alikofikia. Wabahatishaji wanaanza: Bill Cullen anauliza, Jayne Meadows anauliza, babu anajibu kifupi kifupi. Meadows akategua. Makofi, dola 80 na kopo la tumbaku ya kiko, maana zawadi ya kawaida ilikuwa sigara za mdhamini na mzee alikuwa mtu wa kiko. Aprili hiyohiyo akafariki.

Kwetu watu wakishindwa kutegua, mtega kitendawili anapewa mji, kisha anasema yeye. Huyu kafanywa kitendawili chenyewe. Mimi nasema walimtumia.

*

Mkuu, huruma hiyo mzee hakuiomba. Mtangazaji Garry Moore alieleza palepale kwamba baada ya kuanguka walimsihi aache, daktari akamwachia aamue mwenyewe, naye akataka kuja. Mtu mzima na akili zake! Na bila mchezo huo wa kipuuzi, leo ungeiona wapi sura yake?

*

Naongezea. Kisa kirefu alishakitoa gazetini mwaka 1954. Hakuelewa kuwa rais kapigwa risasi. Alichoona ni mtu kaporomoka kutoka juu, akataka asaidiwe. Mtu huyo ni John Wilkes Booth, muuaji, akirukia jukwaani.

*

Hapo ndipo hasa ninapogombea, ndugu yangu. Mtoto anamhurumia muuaji asijue! Hilo nilitaka nilisikie kwa kinywa chake, taratibu, na vituo vyake vya kizee. Kwamba alitaka kuja sibishi. Nabishia walivyompangia muda: maswali ya kubahatisha yakala karibu wote. Wangemkalisha dakika kumi aseme, tumbaku angepewa akitoka.