Naomba ushauri: muvi za Cheng Pei-pei nifuate zipi?

Wakuu habari zenu, naombeni msaada kwa wanaozijua muvi za zamani za Hong Kong. Nimemkubali mno Cheng Pei-pei, dada aliyesomea baleti Shanghai akaja kuwa malkia wa upanga pale kampuni ya filamu ya Shaw Brothers, ile Come Drink with Me ya 1966 amekaa mezani kwenye nyumba ya wageni majambazi wamemzunguka na wala hana presha, aisee! Golden Swallow ya 1968 imeniuma, jina la muvi ni lake ila mwigizaji mwenzake wa kiume Jimmy Wang Yu ndio kapewa kila kitu. Sasa kabla sijafika 2000 alipokuwa adui kwenye muvi ya Crouching Tiger, Hidden Dragon, nitafute zipi ambazo yeye ndio sterling kweli? Mdogo wangu wa kike anafanya karate, nataka aangalie nae.