Shamba la bibi yangu Msabaha: mwaka mzima niupange vipi?

Mjukuu wa Msabaha

Asalam aleikum wakulima wenzangu. Mwaka jana bibi yangu alifariki, akatuachia shamba dogo, yapata robo ekari, hapa Msabaha nje kidogo ya Malindi. Mna minazi saba, miembe miwili ya ngowe, mkorosho uliozeeka, na nyuma ya jiko mna pahali alipokuwa akilima mchicha na bamia. Sikumwona hata siku moja akitazama kalenda. Alikuwa akiamka asubuhi, asimame mlangoni, aelekeze uso kule upepo unakotoka, kisha aseme "haya, leo twapanda", au "ngoja, bado". Sikumwuliza alikuwa akiangalia nini, na sasa linaniuma.

Mwanzo wa Desemba nilinunua miche 120 ya nyanya. Nikaipanda kwa mistari, nikainywesha asubuhi na jioni kwa maji ya kisima, dumu tisa kwa siku. Ilishika vizuri, ikatoa maua mengi. Kisha ikawa kila nikiamka nayakuta maua chini, kikonyo kimeachia palepale kwenye kifundo, utadhani mtu amepita usiku akayachuma. Ncha za majani nazo zikakauka, zikawa kahawia. Nikaongeza maji, mambo yakazidi kuharibika. Nimevuna nyanya kumi na nne. Nilizihesabu.

Leo tuko mwisho wa Februari na mchanga unachoma nyayo. Naomba anayejua anieleze: mwezi gani nifanye nini? Sitaki kulipoteza shamba la bibi kwa ujinga wangu.

Mama wa Ganda

Mwanangu, pole kwa msiba, Mungu amrehemu bibi yako. Alikuwa akitazama pepo. Sisi wa huku mwaka wetu una pepo mbili, Kaskazi ya kutoka kaskazini na Kusi ya kutoka kusini, na miezi ya kalenda hufuata nyuma.

Nikuanzie na nyanya zako. Ua la mnyanya likiachia kwenye kifundo namna hiyo ni joto, hasa joto la usiku. Kaskazi ikishavuma, Januari na Februari, usiku haupoi, na ua haliwezi kushika tunda. Zile ncha zilizokauka ni chumvi. Maji ya visima vyetu vingi yana chumvi, na ukinywesha juani maji hupaa, chumvi ikabaki kwenye mchanga. Kila dumu uliloongeza, uliongeza chumvi. Hukuwa mvivu, mwanangu, ulipanda wakati usio wake.

Sasa hivi usipande kitu. Mwezi huu na Machi ni wa kutayarisha, na kwangu mimi ndio wenye kazi kubwa kuliko yote. Kusanya makumbi, yale maganda ya nje ya nazi, yaloweke, uyapange chini ya miembe na minazi, mgongo juu. Yanazuia jua lisikaushe mchanga, na yakioza yanakuwa chakula. Chimba mashimo ya minazi mipya, kina cha futi mbili na nusu hivi, tandika makumbi chini, uyaache wazi yakingoja mvua.

Samadi nayo ilete sasa ipate kuiva, lakini hapa nisikilize vizuri. Miaka sita nyuma nilimwaga mkokoteni mzima wa samadi mbichi kando ya minazi yangu michanga, nikaiacha. Baada ya muda naona makuti yanafunguka yamekatwa pembe tatu, kama mtu aliyepitisha mkasi. Nikachukua kiserema, nikalifukua lile lundo. Ndani kulikuwa na mabuu meupe, manene kama kidole gumba, yamejikunja, kichwa cha rangi ya hina, na kila nikifukua yanazidi. Ni watoto wa chonga, yule mdudu mwenye pembe anayetoboa minazi. Chonga huzaa kwenye samadi na kwenye magogo ya minazi iliyooza, halafu hupanda juu akatoboa kilele. Minazi minne ilikufa, na mmoja kati yao niliupanda siku aliyozaliwa binti yangu. Kwa hiyo lundo likae mbali na minazi, uligeuze kila wiki, na kuku wawe karibu. Gogo lililoanguka usiliache lioze, lipasue kuni.

Mvua ya mwaka, yaani masika, kwetu huanza mwisho wa Machi au Aprili, na Mei ndio inamwaga hasa. Tone la kwanza lisikudanganye. Tia mkono ardhini. Unyevu ukifika kwenye kifundo cha mkono, panda. Ukiishia vidoleni, ngoja. Hapo weka mahindi, mimi hupanda mbegu ya PH4 kwa kuwa ilitengenezwa kwa ajili ya Pwani, na kunde katikati. Majani ya kunde utachuma baada ya wiki tatu au nne, mahindi yako bado machanga. Muhogo pia ni wakati huo. Ule wa aina ya Kibandameno ni mtamu, hakuna anayebisha, ila ugonjwa wa batobato unaupenda, basi kata vipando kwenye mti ambao majani yake hayana mabaka wala kujikunja. Mchicha wa Mei upandie matuta ya juu, la sivyo utaoza.

Nyanya sasa. Sia mbegu kitaluni mwisho wa Mei, chini ya kivuli cha makuti, uhamishe miche mwisho wa Juni. Kusi imeshika, usiku una ubaridi kidogo, mvua imepungua na imekwisha kuiosha chumvi. Utavuna Septemba. Weka ua wa makuti upande wa bahari, maana Kusi ina nguvu na hubeba chumvi hewani. Miembe nayo huchanua Julai na Agosti. Ukiona maua yamefunikwa unga mweupe ni koga, nyunyiza salfa mapema kabla vitunda havijashika.

Vuli ni Oktoba na Novemba: bamia, kunde, mchicha, basi. Vitu vya haraka.

Wa Shela

Mama wa Ganda amesema kweli tupu, ila kwa Vuli mimi naogopa kuliko yeye. Huku kwetu Lamu ni mvua ndogo, na kuna miaka inapita kama mgeni asiyetaka hata maji. Sipandi kitu cha Vuli ambacho hakiwezi kuliwa ndani ya mwezi mmoja, na bamia siitii, hiyo yataka miezi miwili.

Kuhusu maji: wazee wetu visiwani walijenga majabia kukinga mvua, na nyumba za zamani zina birika. Wewe tia hata pipa moja chini ya bati wakati wa mvua ya mwaka. Maji hayo usiyaogee, yawe ya kitalu tu, kwa sababu mche mchanga ndio unaoumizwa na chumvi zaidi. Ukinywesha kwa maji ya kisima, mimina shinani baada ya Alasiri, usirushie majani.

Sisi samadi yetu ni ya punda. Ni nzuri, lakini iache miezi mitatu ipoe. Mimi niliitia mbichi kwenye asumini ya mama yangu, ikababuka yote. Ilichukua Kusi mbili kurudi kutoa maua ya kutosha kikuba.

Jirani wa Gede

Ndugu, tumbili wamesahauliwa! Kwa upande wetu wa msitu wa Arabuko-Sokoke, mahindi yakianza kutoa ndevu lazima mtu alale macho. Mimi nimeyahamishia karibu na nyumba, muhogo ndio uko pembeni. Na Machi usiache kusikiliza utabiri wa msimu wa Idara ya Hali ya Hewa redioni, husaidia kuamua ununue mbegu kiasi gani.

Mjukuu wa Msabaha

Nawashukuru nyote, Mwenyezi Mungu awalipe. Mama wa Ganda, baada ya kusoma nilikwenda na taa kwenye lundo la samadi alilowacha bibi nyuma ya choo. Nimetoa mabuu kumi na moja, kuku wameyamaliza kabla sijafunga ndoo. Kisha nikaona kitu. Makumbi yote aliyoyapanga chini ya miembe yana mgongo juu. Nilidhani ni taka, nusura niyachome.

Swali moja tu: mnazi mmoja mdogo tayari una makuti ya pembe tatu. Niung'oe?

Mama wa Ganda

Usiung'oe. Tazama kuti la katikati kabisa, lile ambalo halijafunguka. Kama ni kijani na halivutiki, mti uko hai. Tafuta tundu, tia waya wenye ncha ya ndoana, umtoe chonga mwenyewe, halafu ujaze mchanga kwenye makwapa ya makuti. Kesho asubuhi, kabla ya jua kali. Uniambie umemkuta.