Zwartboek iliandikwa na nani? Simuulizii mwongozaji

Wakuu, jana nimeirudia Zwartboek, filamu ya Kiholanzi ya 2006. Kila mtu anamtaja mwongozaji, Paul Verhoeven, tu. Skripti aliiandika peke yake? Nauliza kwa sababu yangu imekwama ukurasa wa 40, mwezi wa tatu sasa.

Jibu la 1
Waliandika wawili, yeye na Gerard Soeteman, mzaliwa wa Rotterdam, 1936. Wameanza mbali hao: Floris, tamthilia ya runinga ya 1969, ile ya knight (askari wa farasi wa enzi za kale) aliyechezwa na Rutger Hauer akiwa bado kijana.

Jibu la 2
Mkuu, miezi mitatu ni midogo. Hiyo Zwartboek iliwakalia miaka kama ishirini! Walikuwa na habari tele za Den Haag, mji wa Uholanzi, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, ila hadithi haiendi. Mhusika mkuu alikuwa mwanamume. Walipomgeuza mwanamke, mambo yakafunguka: Rachel, Myahudi, anaingia ofisi za Wajerumani kwa kumnasa ofisa wao, halafu anampenda kwelikweli. Mwanamume ungempitisha mlango gani pale?

Halafu angalia ile chokoleti (ambaye hajaiona aruke hapa). Daktari amemdunga insulini nyingi ili afe, yeye anaidaka chokoleti na kuitafuna haraka haraka, sukari imwokoe, huku muuaji yuko roshanini anapungia umati. Hakuna hotuba, hakuna bastola. Mimi hapo ndipo namwona mwandishi.

Jibu la 3
Mnanikera kidogo. Soeteman si kivuli cha Verhoeven! Kweli, Turks Fruit (1973) na Soldaat van Oranje (1977) ni za wote wawili. Lakini Max Havelaar ya 1976 na De aanslag ya 1986 alimwandikia mwongozaji mwingine, Fons Rademakers, na De aanslag ndiyo iliyochukua Oscar ya filamu ya kigeni. Zote mbili zimetoka kwenye riwaya, na hiyo De aanslag, riwaya ya Harry Mulisch, inaruka miaka mingi tangu vita. Kuibana iingie kwenye filamu moja si kazi ya mchezo.

Muuliza swali
Asanteni. Wangu ni askari mpelelezi, na dada yake nilimweka amletee chai tu. Usiku huu nimemvua kaka kazi, nimempa dada. Niko ukurasa wa 46, na chai inapoa mezani, hakuna wa kuileta.