Fatal Frame ya sita, we ungeiweka wapi?

korosho_mbichi: Oya wadau, Fatal Frame, lile gemu la kutisha la kupigana na mizimu kwa kamera, ya tano ilitoka 2014 kwenye Wii U ya Nintendo, baada ya hapo tunapewa marudio tu. Ya sita mngeiwekaje? Mi naona Mikindani, ule mji wa kale kule Mtwara, usiku, zile nyumba kuukuu za mawe, umeme umekatika na we una kamera tu mkononi.

dagaa_kavu: Kamera iwe ya filamu bana sio simu. Utamu wa lile gemu ni kusubiri, mzimu unakuja mpaka puani ndo unabonyeza, ukiwahi kupiga mzimu hauumii sana na filamu umeshachoma.

wa_lindi: Mikindani sawa ila mzimu wenyewe avae lipiko, ile barakoa ya ngoma ya Wamakonde. Nilivyokuwa mdogo nikisikia ngoma ya mapiko inakuja najificha uvunguni, lile sura lina nywele za kweli kabisa! Sasa ukimpiga picha kwa mbele hafi, mpaka ageuke.

dagaa_kavu: Na zile ngoma zisikike kwa mbali zikikaribia, kwenye hedfoni utakojoa

korosho_mbichi: 😂😂 wa_lindi umeua, ila babu akiona nalipiga picha lipiko padi ya gemu nanyang'anywa